Sababu ya Nje, Mstari wa Pili

1.

Nani alimfanya hivi?

Fomu haiulizi kwa ukali huo. Fomu ina adabu zake. Mstari wa kwanza unauliza mgonjwa amebaki na nini: upofu, ukiziwi, kovu, mguu uliolegea. Mstari wa pili, ulioandikwa *Sababu ya nje*, unauliza hayo yametokana na nini. Au na nani.

Katika Hospitali ya Wilaya (jina la mji limefunikwa na muhuri) mistari hii miwili hujazwa na mtu mmoja, Remigia Tawete. Miaka kumi na tisa ndani ya chumba cha kumbukumbu, miwani inaning'inia kifuani, mdomo mkali, mwandiko mzuri kuliko wa madaktari wote ukiwajumlisha. Hajawahi kumchoma mtu sindano. Hajawahi kumpa mtu kidonge. Anageuza maumivu ya watu kuwa namba ili wakubwa wayajumlishe, basi. Wenzake humwita Mama Namba, na yeye huitika.

Na bado yuko mwanamume mahabusu ambaye hawezi kufunga kifungo cha shati lake mwenyewe, kwa sababu ya alama nne alizoandika Remigia siku ya Jumatano kabla ya chai.

Y87.1

Nitakueleza. Usinikimbize.

2. KUTOKA KITABU CHA NAMBA
(kimejaladiwa kwa gazeti, kurasa za nyuma zimelegea)

T95 . . . . . . Athari za kudumu za majeraha ya moto
H54.0 . . . . . Upofu, macho yote mawili
Y87.1 . . . . . Athari za kudumu za kushambuliwa na mtu
Y88.0 . . . . . Athari za kudumu za madhara ya dawa iliyotolewa kwa tiba

Hizo mbili za mwisho ni majirani. Kati yao kidole kinapita kwa shida.

3.

Asumpta Nyoni, miaka ishirini na sita, mkulima wa maharage. Mwezi wa pili alikuja hospitali kwa sababu mkojo ulikuwa unamchoma. Kadi yake ilikuwa na maneno mawili kwa wino mwekundu, kona ya juu kulia, yaliyoandikwa na sista wa zahanati ya kijijini kwao baada ya vidonge fulani kumtoa malengelenge: ASIPEWE SALFA.

Sasa sikia utaratibu wa mapokezi. Muhuri wa tarehe hugongwa kona ya juu kulia. Kadi zote, siku zote, bila kuangalia, maana foleni inafika getini na anayegonga ana mkono mmoja wa kugonga na mmoja wa kupokea kadi inayofuata.

Pah.

Mtoa dawa aliona tarehe. Akampa salfa.

4.

Dawa haikuvunja mlango.

Haikupiga kelele.

Iliingia kwa kikombe cha maji, asubuhi na jioni, kama bahasha ilivyosema, mbili mara mbili. Siku ya nne ilikuja homa. Siku ya sita midomo ilipasuka. Siku ya nane mumewe, Longino, alimshika kwapani amwinue aende msalani, na ngozi ya kwapa ikabaki mkononi mwake.

Longino ndiye aliyepiga kelele. Asumpta hakuweza, kinywa kilikuwa kidonda kuanzia meno mpaka koo.

5. YALIYOSIKIKA MLANGONI, WODI YA WANAWAKE

— Huyu tumlaze wapi?

— Si hapa. Atashikana na shuka.

— Mpeleke wodi ya moto. Kule kuna fremu za kuinua chandarua, na majani ya migomba ya kulalia.

— Lakini huyu hajaungua, Sista.

— Wewe mwangalie, halafu uniambie hajaungua.

6.

Ngozi ya mgongo ilitoka.

Ngozi ya nyayo ilitoka nzima, kama soksi.

Kucha zilidondoka. Sista aliziokota shukani akaziweka kwenye bakuli, tisa, na ya kumi ikaja kesho yake. Wakati wa kubadilisha majani chini yake walihitajika watu wanne, na mmoja kati ya hao wanne kila mara alitoka nje kwenda kutapika.

Kope zilitaka kugandana na macho. Kuna dawa ya hilo nayo ni kijiti cha kioo: kila asubuhi kinapitishwa taratibu kati ya kope na jicho, jicho linatoa damu, lakini linabaki jicho. Kijiti kilikuwa kimoja. Ijumaa kilianguka sakafuni. Kingine kilipatikana Jumatano.

Ijumaa.

Jumamosi.

Jumapili.

Jumatatu.

Jumanne.

Hizo siku tano ndizo macho ya Asumpta. Mimi nikizifikiria nakasirika, na sitaki kukuficha.

7. UBAO WA RANGI NYEKUNDU, MLANGONI

WODI YA MAJERAHA YA MOTO
Wageni wawili kwa wakati mmoja
Usiguse mgonjwa

Gaudensi, kaka yake Asumpta, hupasua mbao huko milimani, akapata habari siku ya kumi na mbili. Alisoma ubao ule. Akaingia, akamwona dada yake aliyemlea mgongoni amelala juu ya majani, mwekundu, kope zimefungwa. Akamuuliza mfagiaji, hawa wameungua wote? Mfagiaji akamjibu ukweli anaoujua yeye:

"Humu ni wa moto tu, kaka."

Akamuuliza dada yake, nani? Asumpta akatikisa kichwa. Gaudensi akaelewa alivyotaka kuelewa: kwamba anamficha mumewe. Jioni ile alikuwa kituo cha polisi akichukua PF3, ile karatasi ambayo majeruhi hawezi kutibiwa kwa amani bila kuwa nayo.

8. PF3, SEHEMU YA KWANZA

*Maelezo mafupi ya tukio:* Amemwagiwa maji ya moto na mumewe.
*Aliyetoa maelezo:* Kaka wa majeruhi, kwa kuwa majeruhi hawezi kusema.
*Alikuwepo wakati wa tukio?*

(Kisanduku hiki hakikujazwa.)

Polisi wakangoja hospitali ithibitishe, karatasi ikabanwa mwanzo wa faili. Maelezo ya daktari yalikuwa ukurasa wa tatu, kwa mwandiko unaoujua.

9.

Mwezi wa sita Asumpta alirudi kliniki ya macho akiwa hai, ngozi imeota mabakamabaka, macho yamefunikwa na utando mweupe. Longino alimwongoza kwa kumshika kiwiko, maana ndipo palipokuwa hapaumi. Daktari wa macho alijaza mstari wa kwanza, akaacha wa pili wazi, faili likaenda chumba cha kumbukumbu.

Ilikuwa mwisho wa robo mwaka. Mafaili mia na arobaini mezani. Na hapa ndipo penye kosa lenyewe, kosa ambalo mimi na wewe tusingeweza kulifanya, maana linahitaji uzoefu. Remigia alikuwa na njia yake ya mkato, na alikuwa amewafundisha wote waliowahi kukaa kwenye kile chumba: *Anza na wodi.* Wodi ya wazazi, basi ni uzazi. Wodi ya moto, basi ni moto. Mwandiko wa madaktari utakupotezea siku nzima, wodi haidanganyi.

Wodi ya moto. T95.

Upofu. H54.0.

Sababu ya nje? PF3 iko juu kabisa, imebanwa, ina muhuri wa polisi.

Y87.1.

Faili linalofuata.

10. TAARIFA YA MWEZI
Kutoka: Kitengo cha Kumbukumbu
Kwenda: Dawati la Jinsia na Watoto, Polisi Wilaya

Yah: ORODHA YA WALIOATHIRIKA NA UKATILI, IMETHIBITISHWA NA HOSPITALI

Tafadhali rejea kichwa cha habari hapo juu. Na. 6: Asumpta Nyoni, Ke, 26. Upofu wa kudumu kutokana na kushambuliwa.

*Imethibitishwa.*

Soma tena neno hilo. Polisi waliandika alichosema Gaudensi. Hospitali iliandika walichoandika polisi. Polisi sasa wanasoma walichoandika hospitali, na wanasema, ahaa, kumbe kweli.

11. DAWATI LA JINSIA, ASUBUHI

"Hakunimwagia kitu, afande. Nilikunywa vidonge vya hospitali."

"Mama, pole. Wake wote husema hivyo."

"Naapa."

"Wengine wanakuja hapa mkono umevunjika, wanasema nimeteleza. Tunawajua. Hospitali imethibitisha."

"Hospitali gani? Hospitali hiyohiyo iliyonipa vidonge?"

"Kaka, msaidie dada yako kukaa. Amechoka."

Gaudensi alimsaidia dada yake kukaa.

12.

Wanakijiji hawakusubiri polisi wamkamate Longino. Habari kwamba *hospitali imesema* ilifika kijijini kabla ya gari la polisi, ikawafikia wanaume waliokuwa wakijenga ghala, wakaacha kazi; walipofika walikuwa tisa.

Longino alikuwa anatwanga mahindi. Ndiyo, mwanamume, anatwanga, kwa sababu mkewe haoni na viganja vyake bado vilikuwa vinachanika akishika mti. Wanaume walilicheka hilo kwanza. Halafu mmoja akauliza, ni mikono gani hii iliyomwaga maji? Wakakilaza kinu. Wakaweka mkono wa kulia juu ya mgongo wa kinu, kiganja chini.

Mchi ni mti mzito.

Kwanza.

Pili.

Tatu.

Vidole vina sauti yake vikivunjika, na aliyeisikia haisahau. Asumpta alikuwa mlangoni. Haoni, kwa hiyo alihesabu. Alipofika kumi na moja alianza kutambaa kuelekea sauti, akaligusa goti la mtu, akaling'ata mpaka akaonja damu, na mtu yule akamsukuma kwa upole, akisema, "Kaa pembeni mama, tunakulipizia."

Kisha wakageuza, mkono wa kushoto.

13. KUTOKA RIPOTI YA TUKIO

. . . mtuhumiwa alikutwa amejeruhiwa na *wananchi wenye hasira kali* ambao hawakufahamika. Mtuhumiwa alipelekwa hospitali na baadaye mahabusu kujibu shitaka la kumjeruhi mkewe.

Wananchi tisa. Kijiji cha kaya sitini. Hawakufahamika.

14.

Mwezi wa kumi na moja faili jingine lilitua mezani kwa Remigia. Mwanamume, miaka thelathini na moja, ameletwa na askari magereza. Mikono yote miwili: vidole vimeunga vibaya, havikunji, havifunguki. Kuhusu sababu, kwa mara ya kwanza daktari alikuwa ameandika wazi: *alipigwa kwa mchi.*

Remigia aliandika Y87.1 bila kufungua kitabu. Safari hii namba ilikuwa sahihi.

Halafu jicho likashuka. *Ndugu wa karibu: Asumpta Nyoni (mke). Kipofu.*

Nyoni wako wengi. Lakini Asumpta Nyoni kipofu, aliyempitisha yeye mwenyewe? Alinyanyuka, akavuta ngazi, akashusha faili la mwezi wa sita. Akakaa sakafuni palepale chini ya rafu, sketi ya kazini na yote, akafanya jambo ambalo alikuwa hajalifanya kwa faili lolote tangu ajue njia ya mkato. Akalisoma ukurasa kwa ukurasa.

Ukurasa wa tatu. Mwandiko mbaya. Miwani.

*Ngozi imebambuka mwili mzima siku nane baada ya kuanza vidonge vya salfa. Hakuna historia ya moto wala maji ya mo*

Wino ulikatika hapo. Alipochukua kadi akaiinua kwenye mwanga wa dirisha, chini ya muhuri wa tarehe yalionekana maneno mawili mekundu.

Alisema neno moja ambalo hajalisema tangu ubatizo wake, nami sitaliandika.

15. JEDWALI
(Remigia alilitoa kwenye kompyuta mchana uleule)

Y88.0, madhara ya kudumu ya dawa, wagonjwa kwa mwaka, tangu kompyuta ilipoletwa:

0
0
0
0
0
0
0
0
0

Wilaya nzima. Hakuna aliyewahi kudhuriwa na dawa. Yule mzee aliyekuwa kiziwi baada ya sindano sitini? *Uzee.* Yule binti aliyebaki na mguu wa kuburuta? *Haijulikani.* Remigia aliwakumbuka mmoja mmoja, kwa nyuso za mafaili yao, na akaona aibu, aibu ya kweli.

16. OFISINI KWA MGANGA MFAWIDHI, DAKTARI HAULE

"Kaa, dada Remigia."

"Nimekaa sana, daktari. Ngoja nisimame."

"Robo ile imefungwa. Kompyuta haikubali."

"Faili la karatasi linakubali."

"Unajua unachotaka kuandika? Ukiandika ile namba, umeandika kwamba sisi ndio tuliomchuna yule mama. Mimi. Mapokezi. Mtoa dawa, ana watoto wanne."

"Tulimchuna."

"Dawa zinadhuru watu dunia nzima! Ni bahati mbaya."

"Sasa bahati mbaya ina namba yake, daktari. Mimi nataka kuiandika tu. Kuna mtu amevunjwa mikono kwa ajili ya namba yangu."

"Amevunjwa na wanakijiji."

"Walisema hospitali imesema. Hospitali ni nani, kama si mimi na kalamu yangu?"

Daktari Haule si mtu mbaya, nakuomba usimfanye mbaya, ingekuwa rahisi mno. Alikuwa mtu aliyechoka.

"Alhamisi unaitwa mahakamani kuwasilisha kumbukumbu," alisema mwishowe. "Utapeleka nakala ya kompyuta. Hiyo ndiyo kumbukumbu rasmi. Faili litabaki hapa. Nimekuagiza kama mkuu wako wa kazi."

"Nimesikia."

Hakusema *ndiyo*. Daktari aliligundua hilo baada ya mlango kufungwa.

17. KANUNI YA KUSAHIHISHA KUMBUKUMBU

(a) Usifute.
(b) Usipake rangi nyeupe.
(c) Kata kwa mstari mmoja tu, ili kosa liendelee kusomeka.
(d) Andika lililo sahihi pembeni, tarehe, jina kamili, sahihi.

~~T95~~   ~~Y87.1~~

Y88.0
*Nimekosea mimi.* Remigia F. Tawete

Maneno mawili yale hayamo kwenye kanuni. Aliyaongeza.

18. SAUTI YA LONGINO, ALIVYOMWELEZA ASKARI ALIYEMLISHA UGALI

Sikia afande. Mimi siwalaumu sana. Hata mimi ningemwona dada yangu vile, ningetafuta mtu. Kitu hakina uso utakipiga vipi? Utapiga kidonge? Sasa mimi nilikuwa na uso. Tonge dogo, afande, dogo. Asante. Kinachoniuma ni kwamba mke wangu hawezi kuniona na mimi siwezi kumshika. Tukitoka huku tutaishi vipi

19.

Alhamisi. Mahakama ya Wilaya, benchi la nje, saa nne asubuhi, jua limeshapanda. Mkobani mwa Remigia mna vitu viwili: nakala ya kompyuta, safi, na faili lenyewe, alilolitoa hospitali chini ya kanga bila ruhusa ya mtu. Asumpta yuko ndani tayari, amekaa mbele, uso ameuelekeza mahali anapodhani ndipo kizimba kilipo. Amekosea kidogo, anatazama dirisha.

Remigia ameshaamua. Nakuambia mapema usije ukadhani alikuwa anasitasita. Atatoa faili, atasema *nimekosea mimi*, kazi ikienda na iende.

Mwanamume mwenye vumbi la mbao kwenye nywele akaja akasimama mbele yake.

"Shikamoo mama."

"Marahaba."

"Wewe ndiye wa zile namba?"

"Ndiye mimi. Na wewe?"

"Gaudensi. Kaka yake Asumpta." Aliketi bila kukaribishwa. "Mwendesha mashtaka anasema huenda ukabadilisha. Kweli?"

"Kweli."

"Ulikosea lini? Mara ya kwanza au sasa hivi?"

"Mara ya kwanza, mdogo wangu. Hakuna aliyemmwagia maji. Ni vidonge."

"Hapana." Alisema kwa adabu kabisa. "Hapana mama. Mara ya kwanza ulikuwa kazini, umetulia, una kitabu chako. Sasa ndiyo unakosea. Watu wamekusumbua, umechanganyikiwa. Ingia mle useme hivyo. Mimi sitakuuliza kitu tena maisha yangu yote."

"Siwezi."

"Unaweza."

"Longino hakufanya kitu, Gaudensi."

Akamshika mkono. Mkono wa kulia, kwa viganja vyake viwili vya kupasulia mbao, na Remigia akahisi mifupa yake ikisogeleana.

"Wengine walipokezana mchi," alisema. "Mimi sikugusa mchi. Mimi nilishika tu, kifundoni, hivi. Kwa hiyo nilikuwa karibu, na yeye alikuwa ananitazama mimi peke yangu. Hakupiga kelele kama wanavyosema. Alikuwa ananieleza. Shemeji, ni vidonge. Mchi unashuka, anaanza upya, shemeji, ni vidonge. Kama mtu anayemweleza mtoto. Tukamaliza mkono ule, mimi mwenyewe nikauchukua wa pili nikauweka. Shemeji, ni—"

Hakumaliza.

"Mama, kama umekosea mara ya kwanza, mimi ni nani?"

Remigia aliukumbatia mkoba kwa mkono uliobaki huru.

Mlango ukafunguliwa. Karani wa mahakama akatoa kichwa nje, akasoma kwenye karatasi yake, akaita kwa sauti:

"Remigia Tawete! Shahidi wa tatu!"

"Niachie, mdogo wangu," alisema Remigia. "Wananiita."

"Remigia Tawete!"

Gaudensi alikuwa analia sasa, waziwazi, mbele ya watu, na hakuuachia mkono.